Kamera Matangani

Mume wangu Placide alijifunza kupiga filamu kwa mapadri wa Kasongo. Aliwabebea vyombo vyao miaka mingi, kisha akanunua kamera yao kuukuu ili ajifanyie kazi mwenyewe. Hapo ndipo balaa lilipoanza. Mtu mweusi ana kamera na hana bwana? Kijiji chetu kizima cha Lusangi kikaamua kwamba yeye ni macho ya boma la Wabelgiji.

Hata hivyo, mzee Grégoire alipofariki, mjane wake Marie alimwomba Placide apige filamu ya matanga. Placide alifurahi sana. Alikuwa amekwisha kuwapiga picha wavuvi wa Nyangwe, na matanga hayo yangemaliza filamu yake ya kwanza, yote katika mkanda mmoja.

Lakini siku ya maziko Heri, mtoto wa marehemu, alitokea msituni. Alikuwa amekimbia kilimo cha pamba cha lazima, na polisi walikuwa wakimtafuta. Kamera ilimpata akilia kaburini.

Amisi, mdogo wa marehemu, alimjia mume wangu na wanaume nyuma yake, akitaka Heri atolewe mle ndani ya kamera. Placide alieleza kwamba picha husafishwa Ulaya, na mkanda ukipigwa na mwanga unakufa wote. Wakatazamana. Ulaya, kwa Wabelgiji wenyewe! Niliwaambia waziwazi kwamba wana roho mbaya, lakini nani amsikilize mke wa mpelelezi?

Heri naye hakuweza kukimbia tena. Kwetu, anayeondoka kabla matanga hayajavunjwa ndiye aliyemuua marehemu.

Placide alimtazama kijana yule, akafungua kamera juani. Aliuvuta mkanda wote, akauweka mikononi mwa Amisi. Niliumia kana kwamba nimefiwa mimi.

Amisi aliuinua, akaupitisha vidoleni polepole kutoka mwanzo hadi mwisho.

"Hamuna mutu humu," alisema. "Hata mumoja. Ule uko na sura ya mutoto wetu, umeuficha wapi?"

"Ni huu tu, baba. Sura hazionekani mpaka zisafishwe. Sina mkanda ingine."

Walipekua nyumba yetu hadi chini ya kitanda. Kwa kuwa hawakupata kitu, walizidi kuamini kwamba mkanda wenye sura ya Heri umekwisha kupelekwa bomani.

Heri aliamini pia. Alimpigia mama yake magoti, akachukua panga, akarudi msituni. Jioni matanga yalikuwa bado yanaendelea, na Amisi ndiye aliyekuwa wa kwanza kusema kwamba Heri alimla baba yake kwa uchawi.