Hodi Chini ya Mbao

Kabla ya kufunika sakafu ya mbao kwa vibao vipya vya parke, fundi hugonga ubao mmoja mmoja, na ule uliolegea huupigilia msumari usije ukalia chini ya miguu ya watu. Tajudini wa Buyenzi alikuwa kwenye kazi hiyo, kapiga magoti sebuleni kwa Bonfils, mtaa wa Mutanga Nord. Alipogonga ubao wa karibu na dirisha, sauti kutoka chini ikasema, "Hodi."

"Karibu," akajibu, maana ndivyo alivyolelewa.

Ubao ukainuka. Akatoka mwanamume wa makamo, akapangusa koti, akakaa juu ya kopo la gundi. Alikuwa Hyacinthe, mwenye nyumba wa zamani. Waliomuua wakati wa vita walimlaza hapo hapo chini ya sakafu, na aliyebaki na funguo akaiuza nyumba.

"Muke yangu Spès angali ananitafuta," alisema. "Siwezi kuondoka humu mpaka yeye anichukue. Huu ubao, fundi, usiupige musumari."

"Nyumba si yangu, muzee. Tungoje mwenyewe."

Bonfils aliingia, akampa mgeni mkono kwa heshima, akamsikiliza hadi mwisho.

"Pole sana, muzee. Lakini mi nilinunua nyumba na vyote vya ndani. Na leo bakwe wanakuja kuposa mutoto wangu."

Hyacinthe alisema hapendi kuharibia watu sherehe. Akarudi chini, akauvuta ubao mwenyewe kama mtu anayejifunika shuka. Tajudini aliona aibu, lakini misumari iliingia vizuri. Juu akatandaza sponji ya kuzima sauti, kisha parke.

"Hapo weka sponji mbili," alisema Bonfils.

Fundi alikuwa anakusanya vifaa pale mama mmoja alipopiga hodi mlangoni. Mikono yake ilikuwa myeusi kwa makaa anayouza Kanyosha. Kila akisikia nyumba hii inatengenezwa, hufika.

"Karibu, mama," alisema Bonfils, mtu wa adabu.

Spès alivua kandambili, akatembea mpaka dirishani.

"Fundi, hamukuona kitu humu?"

"Apana, mama. Ni mbao tu."

Chini ya nyayo zake hodi ikapigwa, ikaishia kwenye sponji. Tajudini, aliyekuwa bado kapiga magoti, aliisikia. Ile "Karibu" ilimfika mdomoni, akaimeza.

"Mumetengeneza muzuri," alisema Spès. "Hata hailii." Akavaa kandambili, akarudi Kanyosha.