Wimbo wa Udongo Mbichi

Alhamisi, tarehe 19 Septemba 2013. Asubuhi ile upepo ulivuma kutoka mashariki na vumbi jekundu, na mbingu ilikuwa nyeupe kama majivu, bila wingu hata moja. Nilimshukuru Mungu kwa ukavu huo. Tofali mbichi zinataka siku za namna hiyo, na mvua hazikuwa mbali.

Mimi ndiye niliyesimama mbele ya waumini mwezi wa Julai nikamwahidi Mungu kwamba tofali za kanisa jipya zitatoka kwenye shamba letu, kando ya mto. Sasa tanuri la kwanza lilikuwa limepangwa, tofali elfu sita, na tulikubaliana kuliwasha kesho yake, Ijumaa asubuhi. Wakati huohuo tulikuwa tunachimba udongo wa tanuri la pili, na shimo lilikuwa linasogea kuelekea kwenye matete.

Mama alishuka na fimbo yake, akaketi ukingoni mwa shimo. Ana miaka themanini na kitu, na kushuka ule mteremko kulimtoa jasho.

"Zivanayi," akaniita, "tafuteni udongo kwingine."

"Mama, ulisema hivyo Julai. Kwa nini?"

"Kwa sababu nimesema."

Nilijua anachoogopa, au nilidhani ninajua. Wazee wetu husema kuna majini kwenye vidimbwi vya mto, wanaovuta watu chini. Nilikuwa nimemwombea Mama miaka mingi aachane na mambo hayo. Nikasema kwa sauti ili wenzangu wasikie, "Mama, mtoni hakuna majini. Kuna Mungu tu."

Wanaume wakacheka. Chakanetsa, ambaye ukoo wake na wetu ni watani na ana ruhusa ya kututania hata msibani, akaegemea jembe lake. "Mwacheni bibi! Huenda ana mchumba anayemngoja kwenye matete!"

Mama humcheka Chakanetsa siku zote, hata akimtukana. Siku hiyo hakucheka. Aliinuka, akapanda kwenda nyumbani bila kugeuka.

Saa kumi na moja jioni nilinawa, nikavaa shati la Jumapili, nikaenda darasani. Nina miaka hamsini na minne, na niko kidato cha nne pamoja na wakubwa wenzangu. Tulikuwa tunasoma mashairi. Mwalimu Ruvarashe, binti mdogo kuliko mwanangu wa mwisho, alikuwa ametutaka kila mmoja alete shairi la kwao kuhusu maumbile ya dunia, tulisome mstari kwa mstari. Mimi nilikuwa nimeandika wimbo ambao Mama huuimba akisaga ulezi kwenye jiwe. Zamu yangu ilipofika niliuandika ubaoni:

*Mtete, inama, usiulize.*
*Maji yalikuja, hayakukaa.*
*Udongo mbichi, pokea polepole,*
*huyu hana jino la kukuumiza.*

"Anaimba hivyo mara tatu, habadili neno," nikaeleza. "Mara ya nne ndipo anabadilisha."

*Mtete, simama, huyu niachie.*
*Huyu ananiuma titi, huyu ana kelele.*

"Zuri sana," mwalimu akasema. "Haya. Nani hana jino?"

"Mvua," akajibu Mhere, dereva wa lori.

"Mvua ya mawe je? Ile ina meno mpaka ya magego!" mwingine akadakia, na darasa likacheka.

Nikainua mkono. "Mimi naona ni mbegu, Mwalimu. Inawekwa kwenye udongo mbichi. Inakufa, halafu inaota."

"Mzee wa kanisa ameshahubiri," Mhere akanong'ona.

Lakini mwalimu alifurahi. Aliandika pembeni: uhai, mauti. Kichwa changu kikavimba kidogo, nakiri. Kisha akarudi nyuma hatua mbili, akautazama ubao kwa muda.

"Mbegu haiumi titi," akasema. "Mzee, katika ubeti wa nne ni nani huyo anayeuma titi na mwenye kelele?"

"Ni mtoto, bila shaka. Mama alikuwa akinitania nilipokuwa mdogo, anasema huyo ni mimi."

"Basi shairi lina beti nne zinazofanana, isipokuwa hapo mwisho. Kama yule wa nne ni mtoto, na anaombwa aachwe, wale watatu wa kwanza ni nani? Na walipelekwa wapi?"

Wanaume tulitazama ubao. Nikageuka, nikaona wanawake wote watano wa darasa letu wameinamia madawati yao. Mama Ratidzo, mkunga aliyerudi shule baada ya kustaafu, akafunga daftari.

"Mwalimu," akasema, "shairi hili limetosha kwa leo."

Nilimkuta nje, getini, akinisubiri.

"Tanuri lenu mnaliwasha lini?"

"Kesho asubuhi."

"Mmechimba hapo kwenu, karibu na matete?" Nilipoitikia, akashusha pumzi. "Baba Vimbai, sikiliza. Kitoto kilichokufa kabla ya kuota jino hakizikwi kilimani na watu wengine. Hicho bado ni maji. Sisi wanawake tunakipeleka kwenye udongo mbichi, karibu na mto, kwenye chungu. Wanaume hawaji na hawaambiwi. Usiwashe moto kabla hujaongea na mama yako."

Nilitembea kwenda nyumbani nikijaribu kusali, na sala haikuja. Kilichonijia ni vigae vya chungu. Mwezi uliopita jembe la Chakanetsa liliviibua, akavirusha kando akisema hapo palikuwa na baa ya wahenga, na mimi nilicheka. Udongo wa siku hiyo tuliukanyaga, tukaufyatua, na tofali zake zilikuwa ndani ya tanuri. Sikujua ni zipi.

Ijumaa, kabla jua halijatoka, niliingia jikoni kwa Mama. Alikuwa anachekecha unga.

"Mama, mimi ni wa ngapi?"

Mikono yake haikusimama. "Nani kakutuma uulize?"

"Wimbo wako."

"Nimeuimba miaka hamsini. Ndiyo kwanza umeusikia leo?"

Aliweka chekecheo chini. "Wa nne," akasema. "Wa kwanza alikuwa msichana. Alikaa siku tisa. Wa pili alikaa siku moja. Wa tatu hakulia kabisa. Bibi yako ndiye aliyewabeba, na wanawake wawili. Baba yako alikaa uani. Hakuuliza mpaka alipokufa."

"Vile vigae..."

"Ni vya yule msichana. Nilivikusanya mlipokwenda kula. Viko pale." Akaonyesha kwa kidevu ungo uliofunikwa kitambaa, chini ya rafu ya vyombo.

"Mama, kwa nini hukuniambia?"

"Nikwambie mbele ya wale, wacheke? Hayo hayasemwi kwa mwanaume. Nilikwambia mchimbe kwingine. Nilidhani kwa mtoto, neno la mama yake linatosha."

Nilipiga magoti sakafuni, na kwa mara ya kwanza katika maisha yangu sikujua kama ninampigia Mungu magoti au ninampigia yeye. Nikamwomba msamaha. Hakusema amenisamehe. Alisema, "Usiwaambie wale wanaume," kisha akachukua chekecheo chake.

Leo naandika kwa sababu mwenyewe ameniruhusu, kwa sharti kwamba nisitaje jina la mto.

Niliposhuka, watu walikuwa wamekusanyika. Kuni zilijaa midomoni mwa tanuri, na Chakanetsa alikuwa na kibiriti mkononi. Mhubiri Gwatidzo alikuwa amevua kofia, tayari kuomba.

"Simamisheni," nikasema. "Tanuri hili haliwashwi."

"Lina nini?" Mhubiri akauliza.

"Siwezi kusema."

"Huwezi kusema! Kanisa zima limefyatua tofali hizi. Kina mama wamebeba maji miezi miwili. Wewe mwenyewe ulisimama madhabahuni ukamwahidi Mungu."

"Ni kweli, niliahidi."

"Basi ahadi yako kwa Mungu unaivunja kwa sababu gani?"

Kila jibu nililokuwa nalo lilikuwa mali ya Mama.

Chakanetsa akapiga makofi. "Jamani, si niliwaambia? Shule ya uzeeni! Wamemsomesha mashairi mpaka akili zimemwagika!"

Wakacheka, na mmoja akasema labda nimepata mnunuzi wa tofali mjini. Hilo liliniuma kuliko yote. Nilitaka kusema. Neno lilikuwa ulimini. Tofali mbichi ukiimwagia maji hurudi kuwa udongo, lakini ikishachomwa hairudi tena, na Chakanetsa alikuwa bado ameshika kibiriti.

Kicheko kikakatika. Wanawake walikuwa wanashuka mteremko, Mama mbele, Mama Ratidzo nyuma yake, na wengine wa kanisa letu, kila mmoja na ndoo ya maji kichwani. Walisimama kati ya wanaume na tanuri. Mhubiri akamtazama mke wake, aliyekuwa mmoja wao, na mke wake akatikisa kichwa mara moja tu. Mhubiri akarudisha kofia yake kichwani.

Nilisogea, nikasimama kando ya Mama.

"Mbele za Mungu, mbele yenu nyote, na mbele ya mama yangu, naahidi. Tanuri hili nitalibomoa kwa mikono yangu, tofali moja moja, na kila moja nitairudisha shimoni kwa maji iwe udongo tena. Jembe langu halitagusa kando ya matete maisha yangu yote, wala la mwanangu. Kanisa nitalichimbia udongo mahali pengine, peke yangu mkinikatalia, hata likichelewa miaka. Na mtu akiniuliza sababu, nitanyamaza, aniite mwongo akitaka."