Mjomba Pyo Ajifunza Kubaki Hai

Siku ya kwanza Mjomba Pyo alipoingia kwetu, alinunua kahawa ya kopo, akakaa kwenye kompyuta ya mwisho karibu na choo, na kabla hajaimaliza kahawa hiyo alikuwa ameshakufa mara tisa.

Mimi nilikuwa nakaa kaunta. Kilikuwa chumba cha kompyuta za kukodi, ghorofa ya pili juu ya duka la viatu, hapa Changwon, kusini mwa Korea. Kazi yangu ilikuwa kupika tambi za pilipili, kufuta kibodi zilizomwagikiwa soda na kuwaamsha waliosinzia. Zamani kidogo niliwahi kulipwa kwa kucheza. Tulikuwa timu ya wasichana wanne, tukiishi nyumba moja Seoul, tukifanya mazoezi tangu asubuhi hadi macho yanawasha. Halafu mdhamini akajitoa, kifundo changu cha mkono kikagoma, kila mtu akarudi kwao. Tulikuwa tumeahidiana kupigiana simu. Kwa hiyo ulikuwa umepita muda mrefu sijaongea na mtu kuhusu mchezo ule, na yule mzee alikuwa akifa vibaya mno.

Mchezo wenyewe hauna maneno mengi. Watu mia wanarushwa kutoka kwenye ndege, kila mmoja na parachuti yake, wanatua kisiwani mikono mitupu. Bunduki, dawa na kofia za chuma zimetapakaa majumbani. Kwenye ramani kuna duara, na kila baada ya muda linapungua. Ukibaki nje ya duara unaungua pole pole mpaka unakufa. Atakayebaki wa mwisho ndiye mshindi. Mnaweza kuingia wawili wawili, au wanne, au ukaingia peke yako.

Yeye alikuwa anaingia peke yake, na kila mara alikuwa anarukia mji mkubwa katikati ya kisiwa.

"Mjomba," nikamwambia, nikijifanya nafuta meza ya jirani, "unakimbilia nini pale mjini?"

"Kuna majumba mengi. Nimeona kila mtu anakwenda."

"Ndiyo maana wanakuua. Wale wanaoshuka pale wanashuka kupigana. Wewe hata bunduki hujui kuijaza."

Hakukasirika. Aligeuza kiti, akanitazama kama mtu anayepokea maelekezo ya dawa. "Sasa nishuke wapi?"

"Mbali. Subiri ndege ipite, watu wamwagike, wewe ushuke mwisho. Tafuta kijiji ambacho hakina mtu."

Alishuka mwisho, kwenye nyumba tatu zilizo kando ya shamba. Alizunguka chumba hadi chumba akiokota vitu, mlango mmoja baada ya mwingine, na hakuna aliyemgusa. Alikufa kwa sababu alisahau duara. Aliungua akiwa anachagua koti.

"Leo nimeishi sana," alisema akivaa koti lake la kweli.

Baadaye ndipo nikajua habari zake. Jina lake Pyo In-sik, mhandisi wa kiwanda cha mashine za majokofu. Mkewe na binti yake walikuwa Vancouver, mwaka wa tano sasa, kwa ajili ya shule ya binti. Wanaume wa namna hiyo hapa kwetu tunawaita baba bata bukini, kwa sababu wanabaki wakifanya kazi na kuruka mara moja moja kwenda kuona familia. Mwanzoni binti alikuwa akimpigia kila siku. Kisha kila wiki. Kisha ikawa mama mtu ndiye anayempelekea simu, na binti anasema, "Nipo salama, Baba. Na wewe je? Haya," basi. Mkewe akamlalamikia kwamba binti yao, Daon, haachi kompyuta, yumo kwenye mchezo wa kuuana tu. Mzee akaomba jina la mchezo. Hakutaka kumkataza. Alitaka kujua mtoto anakwenda wapi.

Basi nikawa namfundisha. Jumamosi asubuhi chumba chetu huwa kitupu, na yeye alikuja wakati huo. Nilimfundisha kuanza kutembea kabla duara halijaanza kupungua, maana wanaochelewa wanakimbia mbio na anayekimbia hasikii kitu. Nilimfundisha kuchukua kinachotosha. Watu wengi wanakufa wakiwa wameinama juu ya maiti, wakipekua mifuko. Sanduku la zawadi linaloshushwa na ndege, likiwa na bunduki nzuri kuliko zote, aliangalie kwa mbali na kuondoka zake, kwa sababu kila kichaka kinacholizunguka kina macho. Mtu ambaye hajamwona yeye, asimpige. Mlio wa risasi ni sawa na kuwaita wengine wote kwa jina. Akae pembezoni mwa duara, mgongo wake ukielekea kule kunakoungua, ili awe na upande mmoja tu wa kuogopa.

"Na zaidi ya yote sikiliza," nilimwambia. "Nyayo za kwenye mbao na za kwenye majani hazifanani. Ukimsikia mtu, tulia. Mwache apite."

Hilo la kutulia alilijua kuliko mwanafunzi yeyote niliyewahi kumwona. Sisi vijana tunashindwa hapo. Ukimweka kijana kwenye chumba kitupu dakika tano atafungua mlango ili tu kitu kitokee. Mjomba Pyo alikuwa anaingia bafuni, anafunga mlango, anachuchumaa kwenye kona, na kukaa. Nje mabomu yanalia, watu wanapungua kutoka sitini hadi thelathini hadi kumi, na yeye yupo pale, mkono kwenye kipanya, anatazama vigae vya ukuta.

Alianza kushika nafasi ya tano, ya nne, mara moja ya pili. Katika mchezo huo wa nafasi ya pili hakuwa amefyatua hata risasi moja.

"Unajua kuishi, Mjomba," nikamwambia. "Kushinda bado."

"Kocha," alijibu, alishaanza kuniita hivyo, "kwa umri wangu nafasi ya pili si mbaya."

Mwezi wa tatu, majani ya kwanza yalipochipua kwenye miti ya barabarani, akamwandikia binti yake kwamba na yeye anacheza. Alinionyesha ujumbe kabla ya kuutuma. Alikuwa ameandika aya nzima yenye salamu na maelezo. Nikamfutia yote, nikabakiza sentensi moja: *Tucheze wawili Jumamosi?* Jibu lilikuja baada ya siku kadhaa. *Wewe?* Kisha, chini yake: *Sawa. Ila usinicheleweshe.*

Siku yenyewe aliniomba nikae kiti cha pembeni, nivae hedifoni za pili. Aliogopa. Kwao Vancouver ilikuwa Ijumaa jioni. Nikasikia sauti ya msichana, ya haraka, Kikorea chake kimeanza kulainika mwishoni mwa maneno kama cha watu waliokaa nje.

"Baba, unanisikia?"

"Nakusikia. Umekula?"

"Baba, tunaruka sasa hivi. Mjini."

Alinitazama. Nikainua mabega. Wakaruka mjini, na Daon akaua watu wawili kabla baba yake hajapata mlango. Msichana alikuwa mkali. Alipiga risasi huku akicheka, akaruka kutoka kwenye roshani, akamwachia baba yake fulana ya kuzuia risasi sakafuni, "Vaa hiyo, haraka," kama mama anayemvalisha mtoto wa shule ya chekechea. Walikufa wa arobaini na kitu. Mjomba alikuwa anatabasamu hadi masikio yamekuwa mekundu.

Wakaingia tena. Safari hii mzee akaomba wajaribu njia yake. "Mara moja tu. Nina kijiji changu."

"Kijiji gani? Pale hakuna mtu, Baba. Nikikaa kwenye nyumba tupu napata wazimu."

"Mara moja."

Akakubali. Wakashuka kwenye zile nyumba tatu kando ya shamba. Wakaokota vitu, wakaanza kutembea mapema, wakapata nyumba ya ghorofa moja pembezoni mwa duara, na mzee akamwongoza binti yake hadi bafuni. Wakachuchumaa, yeye kwenye kona, Daon kando ya sinki. Kukawa kimya. Watu walikuwa wamebaki kama thelathini na duara lilikuwa limewapendelea, hawakuwa na sababu ya kuondoka.

"Tunafanya nini sasa?" Daon akauliza.

"Tunakaa."

"Mpaka lini?"

"Mpaka waishe wengine."

Akaguna. Akachezea taa ya bunduki, akiwasha na kuzima. Kisha akaanza kuongea, jinsi watu wanavyoongea wakiwa wamekaa mahali pasipo la kufanya. Akasimulia mwalimu wake wa hesabu. Akasema anafanya kazi Jumapili kwenye duka la mikate. Mzee hakuwa akijua. Akasema amekubaliwa chuo kikuu kulekule, kozi ya elimu ya bahari.

"Kulekule," mzee akasema. "Nilidhani utarudi kusomea huku. Ndivyo tulivyokubaliana na mama yako. Mwaka huu ukimaliza, mnarudi."

Taa ya bunduki ya Daon ikazimwa, haikuwashwa tena. Nikafikiri mtandao umekatika.

"Mama hajakuambia?"

"Hajaniambia nini?"

"Baba. Haturudi. Mama amepata kazi ya kudumu tangu kabla ya Krismasi. Wameshampa vibali. Nilijua amekuambia. Alisema atakuambia."

Nilitaka kuvua hedifoni, lakini nilihisi nikisogea nitakuwa nimesema kitu. Mjomba Pyo alikuwa anatazama skrini. Mhusika wake alikuwa amechuchumaa kwenye kona vilevile, mgongo ukutani, anapumua.

"Baba?"

"Nipo."

"Umekasirika?"

"Hapana. Nasikiliza kama kuna mtu chini."

Na kweli alikuwepo. Hatua mbili kwenye mbao, kisha kimya. Nilizisikia mimi, nikajua na yeye amezisikia. Daon hakuzisikia, au alishindwa tu kukaa zaidi mle ndani. Alifungua mlango akatoka mbio. Bunduki ikalia. Akaanguka kwenye korido, hajafa bado, anatambaa. Mtu akiangushwa hivyo mwenzake anaweza kumwinua, lakini inachukua sekunde kadhaa na mikono yote inakuwa imeshughulika.

"Niache," Daon akasema. "Ruka dirishani. Duara liko upande wako. Utaingia kumi bora, Baba, nenda."

Alikuwa sahihi. Ningekuwa bado na timu yangu ya Seoul ningempigia mwenzangu kelele aruke. Huo ndio mkakati. Aliyeanguka kwenye korido ni chambo, aliyemwangusha anasubiri wa pili.

Mjomba Pyo akarusha bomu la moshi koridoni, akatoka kwa magoti, akaanza kumwinua binti yake ndani ya ule weupe. Walipigwa risasi wote wawili kabla hajamaliza.

Skrini ikaandika nafasi yao. Hakuna aliyeisoma.

"Kwa nini umetoka?" Daon akauliza. Sauti ilikuwa imebadilika. "Mimi si nimekuambia uende?"

"Nilikusikia."

"Ulikuwa umekaa vizuri pale. Ungeweza kukaa mpaka mwisho."

"Nimekaa sana, Daon," akasema.

Nikasikia msichana akivuta pua. Nyuma yake mlango ulifunguliwa na mtu mzima akaita kwa Kikorea kwamba chakula kiko mezani. Mjomba alifumba macho aliposikia ile sauti. "Nenda ukale," akamwambia bintiye. "Usimwambie mama kwamba nimejua. Nitaongea naye mwenyewe."

Aliongea naye siku ileile, amesimama kwenye ngazi zetu, mlango ukiwa wazi kidogo. Nilikuwa natoa takataka na sikuweza kupita. Hakupaza sauti. Nilimsikia akisema, "Siku nzuri ya kuniambia ingekuwa ipi?" Kisha akasikiliza muda mrefu. Kisha akasema, "Mimi nije kufanya nini huko, Mi-gyeong? Hata mkate sijui kuomba kwa Kiingereza." Aliporudi aliagiza tambi na yai, akala zote, akanishukuru, akaenda nyumbani.

Jumamosi iliyofuata hakuja. Wala ile nyingine. Nilitazama jina lake kwenye orodha ya marafiki wa mchezoni, lilikuwa la kijivu, hajaingia. Nikajiambia kwamba ni mteja tu.

Alirudi miti ya cheri ilipokwisha kupukutisha maua. Alikuwa amekwenda Vancouver likizo fupi. Alisema mji ni mzuri, mvua nyingi. Alilala kwenye sofa. Yeye na mkewe walikuwa na adabu sana, wakipishana jikoni kama wapangaji. Hawajaachana, wala hawajakubaliana kitu. Binti alimpeleka kwenye duka la mikate, akamwambia mwenye duka, "Huyu ni baba yangu," na mwenye duka akampa mkono. Hilo alilisimulia mara mbili.

"Na mchezo?" nikauliza.

"Ana mitihani. Atakuja akipata nafasi." Akavuta kiti. "Anataka tushuke mjini tena. Anasema njia yangu inamtia huzuni."

Daon huingia mchezoni Jumamosi moja moja. Zile nyingine mzee hucheza peke yake. Mwenye chumba chetu cha kompyuta ameshatuambia kwamba baada ya kiangazi atafunga, kompyuta zitauzwa. Watu siku hizi wanacheza kwenye simu wakiwa vitandani. Nimepata kazi kwenye kiwanda cha betri, mji wa Ulsan. Sikumwambia Mjomba mara moja. Nilikuwa natafuta siku nzuri, na nilipojikuta nafikiri hivyo nikainuka kaunta, nikaenda nikamwambia.

Hakuondoa macho kwenye skrini. Alikuwa bafuni kwenye nyumba fulani, wamebaki watu saba.

"Ulsan si mbali," akasema.

"Si mbali."

"Una kompyuta ya kwako?"

"Nitanunua."

Akaitikia kwa kichwa. Duara lilianza kupungua, na safari hii lilikuwa upande wa pili wa mto, hapakuwa na namna ila kutoka. Akafungua mlango wa bafu, akateremka ngazi, akasimama sebuleni akisikiliza.

"Kocha, nipite daraja au nivuke majini?"

"Majini," nikamwambia, nikavuta kiti cha pembeni nikakaa.

Alikufa katikati ya mto, wa sita. Nikawasha kompyuta ya pembeni, tukaingia tena, wawili.