Makande Ndani ya Kabati la Joto

Uvumi wenyewe Bernadina aliuokota mashineni Maisaka, akisubiri zamu yake ya kusaga mahindi: eti mwanga wa zile nyaya za faiba za intaneti unapofusha watu.

"Hauonekani," alisema jirani yake Dorothea, akikung'uta unga kwenye sketi. "Ungeonekana si mtu angekimbia? Unakuingia jichoni taratibu, unakula, unaondoka zake. Na Edda wako si ndiyo kazi yake hiyo?"

Ndiyo ilikuwa kazi yake. Bernadina alijaribu kuusahau uvumi ule. Alipepeta maharage, akaukuta kwenye ungo. Alisali, ukamkatiza katikati ya Baba Yetu. Siku ya tatu akaamua kwenda kujionea kwa macho yake, maadamu bado anayo. Akapakia makande kwenye bakuli la bati, akaazima miwani ya jua ya Anselimu wa bodaboda, miwani myeusi kama masizi ya sufuria, akapanda bajaji.

Edda, kifungua mimba wake, alikuwa peke yake kwenye chumba cha kupimia vifaa cha kampuni moja ya intaneti pale mjini Babati. Alimwona mama yake akiingia kwa kupapasa ukuta.

"Shikamoo, mama. Macho yanakuuma?"

"Marahaba. Bado. Ndiyo nayalinda."

Edda alicheka mpaka akakaa chini. Kisha akamwonyesha kifaa cha bati kisichozidi kidole gumba.

"Hii inaitwa moduli. Inachomekwa kwenye mtambo, inageuza umeme kuwa mwanga na kuusukuma ndani ya waya. Mwanga wenyewe kweli hauonekani, na kweli unaweza kudhuru jicho. Ndiyo maana hatuchungulii kwenye ncha ya waya. Hapa kila ncha imezibwa. Vua miwani."

"Sivui."

"Haya. Sasa angalia lile kabati linalonguruma. Kule kijijini Sigino moduli zinakaa kwenye boksi la bati juu ya nguzo. Jua la saa saba likipiga, boksi linachemka. Muuzaji ameandika kwamba zake zinavumilia nyuzi sabini. Kuandika ni kuandika tu, mama. Sisi tunazipika humo masaa manne mfululizo, tuone kama mwanga unapungua."

"Na zikiiva vizuri?"

"Injinia Venance, bosi wangu, anafuata majibu saa tisa. Leo namaliza miezi yangu mitatu ya majaribio. Majibu yakiwa safi, naajiriwa. Yakiharibika, tutapalilia wote shambani."

Simu ikaita: kuna mzigo umeletwa kutoka stendi, uko getini. Edda akainuka.

"Mama, usiguse kitu."

"Nimekuwa mtoto mdogo?"

Bernadina akabaki na kabati. Makande yalikuwa yamepoa kabisa, na mtoto hajala tangu asubuhi. Juu ya kabati namba kubwa zilisomeka sabini, na kupitia kioo aliona rafu nzima ya chini iko tupu. Mlangoni palikuwa na karatasi nyekundu yenye maandishi meusi: USIFUNGUE. Lakini ndani ya miwani ya Anselimu nyekundu na nyeusi zilikuwa kitu kimoja, na Bernadina akadhani ni kalenda. Akafungua, akasukuma bakuli ndani, akafunga kwa adabu. Hakugusa kitu cha mtu. Bakuli lilikuwa lake.

Edda alirudi, akasimama mlangoni akinusa.

"Mama, mbona kuna harufu ya kitunguu?"

Akakimbilia kwenye kompyuta. Mstari wa joto, uliokuwa umenyooka tangu asubuhi, ulikuwa umetumbukia hadi hamsini na moja. Kioo cha kabati kilitoka jasho, moduli zote ishirini zikiogeshwa mvuke wa maharage.

"Mungu wangu. Zimebaki dakika mbili Injinia aingie!"

"Sema umeme ulikatika," Bernadina alinong'ona. "Babati hii nani atabisha?"

Edda alitazama ule mstari wa joto, akamtazama mama yake. Mara Injinia Venance akaingia, akainama kwenye kompyuta, akaweka kidole palipotumbukia.

"Edda, hapa pana nini?"

Edda akafungua mdomo kujibu. Bernadina hakuweza kuvumilia. Akavua miwani.

"Pana makande, baba. Ni mimi. Mtoto hakuwepo."

Venance akafungua kabati, akatoa bakuli kwa kitambaa, akafunua.

"Ya maziwa?"

"Ya maziwa, baba."

"Zikaushwe zote, jaribio lianze upya. Masaa manne. Hapa haondoki mtu."

Hakuondoka mtu. Venance alikula makande bila kutabasamu, akaongeza. Saa kumi na mbili jioni moduli mbili zilianza kufifia, na kabla ya saa moja kutimia mojawapo ikazima kabisa. Edda aliziandika kama zilivyo. Hizo mbili zilikuwa zipelekwe Sigino kesho yake asubuhi.

"Mbovu ni moduli hizo; vipimo vyako ni safi," Venance alimwambia. "Ila ulimwacha mgeni peke yake na kabati. Majaribio yako nakuongezea mwezi mmoja, kisha tutazungumza habari za ajira."

"Asante, bosi."

"Na wewe, Mama Edda, mwezi huo uishie getini."

Basi mzazi mwenye mtoto kwenye kazi hizi aepuke haya:

Asichungulie ncha ya waya wa faiba wala tundu la moduli, hata akiona giza tupu.

Asitegemee miwani ya jua. Mwanga huo haiuzuii.

Asifungue kabati la joto kabla ya muda, hata dakika moja.

Asiingize chakula, chai wala chochote chenye mvuke mahali pa vifaa.

Asifute ncha za nyaya kwa kanga wala kwa mate.

Asimfundishe mtoto kusingizia umeme.

Asiende kazini kwa mtoto bila kupiga simu kwanza.