Filimbi Zimezidi

Kwa kuliza watu, Kinanda hakuwa na mpinzani mji mzima. Ukweli usemwe: aliyewahi kulia ni shangazi yake tu, naye alikuwa anakata vitunguu.

Kinanda alitunga muziki wa filamu kwa kujitegemea, yaani hana bosi, ila kila mtu ni bosi wake. Studio ilikuwa stoo ya shangazi, kuta zimefunikwa magodoro chakavu ili kelele za sufuria zisiingie. Zilikuwa zinaingia.

Filamu ya safari hii ilimkaba koo. Mwongozaji alipokuwa anahariri, alichomeka muziki wa kuazima kwenye onyesho la mwisho, pale mama anapofunga mlango wa nyumba iliyouzwa. Ulikuwa wa kushikilia nafasi tu, lakini kwa kuusikiliza kila siku ukamwingia damuni. Kila alicholeta Kinanda kilirudi.

“Mzuri, kaka, ila siyo wenyewe.”

Wenyewe ni upi, hasemi. Mwishowe akatoa kauli: leta mwingine, mara ya mwisho. Usiponigusa nanunua wa dukani, na jina lako nalifuta.

Kinanda akajifungia. Akapiga filimbi, akaifuta. Akaweka ngoma, akaiona inajipendekeza, akaifuta. Akabakiza gitaa peke yake, linapapasa kama mtu anayetafuta funguo gizani. Shangazi akagonga ukuta: “Baba, kichwa changu!” Kinanda akaizima sauti ya gitaa kwenye programu, akamalizia kwa kuangalia picha tu, akautuma.

Kesho yake mwongozaji akaja mwenyewe, na miwani ya jua ndani ya stoo isiyo na dirisha.

“Kaka, nimeusikiliza, nikaurudia. Nimelia!”

Kinanda akainuka kitini. “Kwa hiyo?”

“Kwa hiyo haufai. Filimbi zimezidi.”

“Filimbi?”

“Zinamfunika mama. Na ile ngoma ya katikati inaingia kwa pupa.”

Kinanda alishakataliwa mpaka haamini masikio yake mwenyewe. Labda alisahau kufuta. “Tusikilize wote,” alisema kwa unyonge, “unionyeshe zilipo.”

Akafungua ule ule aliomtumia. Kimya. Akaongeza sauti. Kimya kikaongezeka. Ndipo akaiona alama nyekundu kwenye gitaa: alilizima, hakuliwasha tena. Alituma muziki usio na hata mlio mmoja.

Shangazi akaingia na chai. “Mbona mmekaa kimsiba?”

“Tunasikiliza wimbo, shangazi.”

Shangazi akatega sikio. Akatega na la pili. “Ahaa. Na huyu mgeni ndiye niliyemsikia analalamikia filimbi?”

Kinanda alitamani kucheka, lakini jina lake lilikuwa bado mkononi mwa yule mtu. Akainamia kikombe.

Mwongozaji akavua miwani, akaifuta kwa shati, akaivaa tena.

“Kwenye simu yangu,” alisema, “zinasikika.”