Wifi Asiyefanana

Kichwa cha Chenji kilikuwa kimesukwa upande mmoja tu simu ilipolia. Aliruka kutoka kwenye kigoda, chanuo likabaki limekwama nywelani kama ndege aliyekosa tawi.

"Sasa hivi? Si mlisema kesho asubuhi?" alisema kwenye simu. "Hapana, hapana, nakuja. Yaani nimeshafika, dada."

Alikuwa hajavaa hata viatu.

Wifi yake, mke wa kaka yake na mwenye saluni ile, alibaki amesimama na mafungu ya rasta begani, mikono ikielea hewani pale kichwa kilipokuwa. Wateja wawili waliokuwa kwenye foleni waliacha kujifanya wanasoma simu zao.

"Unakwenda wapi na kichwa hicho?"

"Usaili umeletwa mbele, mwongozaji ana safari. Ile tamthilia, wifi."

"Ile ya Wifi?"

"Ile ile."

Hapo hata wateja waliguna, maana saluni ile haikuwa na siri. Kila aliyewahi kuoshwa nywele pale alijua kuwa kuna tamthilia ya vichekesho inatafutiwa waigizaji, habari za bwana na bibi na ukoo mzima uliowaelemea, na kwamba utamu wake haumo kwa bwana wala kwa bibi, umo kwa dada yake bwana: Wifi, mdomo kama cherehani, anayeingia jikoni kwa watu bila hodi na kuonja mboga bila kukaribishwa. Chenji aliitaka nafasi hiyo kuliko alivyowahi kutaka mume. Karani wa kampuni inayoiandaa alikuwa amemwahidi kuwa kwenye usaili atapewa aisome.

"Basi twende wote," wifi alisema, akipachika chanuo kifuani. "Kichwa hakitoki saluni kwangu nusu. Watu watasema nimefia njiani."

"Na sisi je?" mteja mmoja akauliza.

"Nyinyi nywele zenu hazina safari. Nilindieni mlango."

Tumjue kwanza huyu Chenji kabla hajafika huko. Jina alipewa na bibi yake mzaa baba, siku ile ile alipozaliwa. Baba alikuwa fundi wa magari, mweusi tii. Mama alikuwa mgeni mweupe aliyekuja kwa kazi ya muda mfupi akanogewa. Mtoto wao wa kwanza, wa kiume, alitoka baba mtupu, hakuna aliyesema neno. Alipokuja wa pili, bibi alifunua kitambaa, akatazama, akafunika, akafunua tena. "Haya," akasema, "safari hii tumerudishiwa chenji." Chumba kizima kikaangua kicheko na jina likaganda.

Ukubwani jina hilo lilimpa kazi. Kila Ijumaa jioni, kwenye ukumbi ulio juu ya duka la magodoro, watu walibanana mpaka ngazini kumsikiliza. "Mnaniita mweupe," alikuwa akianza. "Mwulizeni mwalimu wangu wa hesabu. Atawaambia: mweupe kabisa!" Ukumbi ulikuwa hauna mbavu.

Lakini kwenye luninga, mambo yalikuwa mengine. Huko alikuwa mchepuko. Mchepuko wa waziri, mchepuko wa mchungaji, mchepuko wa daktari, na safari moja mchepuko wa marehemu, aliyetokea msibani na miwani ya jua. Alikuwa amevunja ndoa za watu zisizo na idadi naye mwenyewe hata mchumba hana. Mwanamke mmoja dukani aliwahi kumwona akamshika mumewe mkono kwa nguvu, na yule mume maskini alikuwa amejinyamazia na kilo yake ya sukari. Chenji alilipeleka tukio hilo jukwaani, watu wakacheka. Nyumbani hakulicheka.

Basi walifika. Kampuni ilikuwa kwenye ghorofa ya pili, mwisho wa korido ndefu yenye viti vya plastiki. Chenji aliwatazama waliokaa kwenye viti vile. Wasichana watupu, wote rangi yake au jirani ya rangi yake, wote midomo myekundu na visigino virefu. Biashara ya duka unaijua kwa foleni yake.

Alikaa sakafuni, wifi akakaa kitini nyuma yake, magoti yakamshika mabega, vidole vikarudi kazini. Karani akaja na karatasi.

"Dada, hizi ni zangu kweli?" Chenji aliuliza. Ukurasa wa kwanza ulisema: Mchepuko anashuka kwenye gari. Mguu unatangulia.

"Ndizo nilizopewa," karani alisema, akitazama pembeni. "Ongea nao wenyewe, mpenzi wangu. Mimi mdomo wangu unaishia hapa mlangoni." Kisha akaita jina lake.

Wifi aliingia naye kwa sababu moja tu: alikuwa ameshika msuko wa mwisho ambao haujafungwa, na akiuachia unafumuka. Wakaingia hivyo, mmoja mbele, mmoja nyuma na mkia mkononi, kama mtu na mbuzi wake.

Chumbani mlikuwa na kamera kwenye miguu yake mitatu, meza, na watu wawili. Mwongozaji alikuwa bwana mpole mwenye miwani aliyoipandisha kipajini. Prodyuza, mama aliyekuwa na neno la mwisho, alikuwa anakoroga chai bila kuinua macho. Ukutani ilibandikwa picha ya mwigizaji waliyekwisha kumpata, atakayekuwa mume.

"Karibu, Chenji. Na huyu?"

"Msusi wangu," Chenji alisema haraka. Akahisi msuko ukivutwa, kidogo tu, ila kwa maana.

"Haya. Anzia unaposhuka kwenye gari."

Kushuka kwenye gari angeweza akiwa usingizini. Mguu mbele, shingo pembeni, kicheko cha puani. Akifanya hivyo, kazi ni yake kabla hajakaa. Akikataa, huenda akatoka bila Wifi na bila mchepuko, na wasichana wa nje walikuwa na miguu ya kutosha. Alikunja karatasi.

"Samahani, kaka. Mimi nilikuja kusoma Wifi."

Mwongozaji akashusha pumzi. "Chenji, mimi ni mtu wako. Ijumaa nakuja ukumbini, nacheka mpaka nadaiwa kiti. Lakini tuambiane ukweli. Mume ndiye yule." Akaonyesha ukutani. Mwanamume mweusi, ngozi inang'aa kama kiatu cha askari. "Wifi ni dada yake, damu moja. Watazamaji watauliza. Mtu akikutazama tu anajua wewe huwezi kuwa wifi wa mtu."

Vidole vya nyuma vikasimama.

"Amesemaje?" wifi akauliza.

"Wifi, nyamaza," Chenji akanong'ona.

"Umemwitaje?" mwongozaji akauliza.

"Baba," wifi alisema, na sauti yake ilikuwa ile ya kumtoa saluni mteja aliyekataa kulipa, "rudia. Huyu hawezi kuwa nani?"

"Nimesema hawezi kuwa wifi, mama. Haitaaminika."

Hapo ndipo kosa lilipoingia, na ashukuriwe Mungu liliingia. Wifi alikuwa hajasoma karatasi yoyote; alikuwa na akili yake yote kwenye nywele. Alichosikia ni mwanamume asiyemjua akimnyang'anya ndugu.

"Haaminiki kwa nani? Watazamaji watauliza! Mbona mimi sikuuliza? Mimi nimeolewa na kaka yake huyu, baba mmoja, tumbo moja, tena kaka mweusi kumshinda huyo wenu wa ukutani! Wiki ya kwanza tu ya ndoa, huyu kaja jikoni kwangu. Hodi? Hana. Kafunua sufuria yangu, kachungulia, kaniambia, 'Pole wifi, kumbe kaka anaumwa tumbo?' Mbele ya wageni! Leo unaniambia si wifi? Kama huyu si wifi, mimi nimeteswa na nani miaka yote hii?"

Kijiko cha Prodyuza kikanyamaza ndani ya kikombe.

Chenji alikuwa na uoga, lakini alikuwa pia na miguu ya jukwaani, na miguu ile inajua ukumbi ukishapata moto hauachwi upoe. Akageuza shingo mpaka msuko uliporuhusu.

"Niseme nini na mchuzi ulikuwa unaonekana mpaka chini? Bakuli lina maua kwenye kitako, wifi. Niliyaona yote. Nikamwonea huruma kaka yangu, kaoa mke, kapata bahari."

"Ulikula mara mbili!"

"Nilikuwa natafuta nyama! Mara ya kwanza sikuiona, nikasema labda ya pili."

"Huyo!" wifi alimgeukia mwongozaji. "Umemsikia? Mimi nasuka kichwa chake bure, ananitangaza bahari!"

"Bure? Kila msuko mmoja unanisimulia majirani watatu. Nalipa kwa masikio!"

Prodyuza alikuwa ameweka kikombe chini, kisahani juu yake, na kufunika mdomo kwa kiganja. Mwongozaji, miwani imemdondokea puani, alikuwa anacheka kwa mabega. Lakini wifi alikuwa hajamaliza, na sasa sauti ilimshuka.

"Mpiga picha wa harusi yangu naye alisema maneno yako hayo hayo. Aliita ndugu wa bwana harusi, akamwambia huyu, 'Dada mgeni, subiri zamu yako.' Huyu akaondoka zake. Nikamwambia mpiga picha, hiyo mashine yako iweke chini. Wifi yangu asipokuwepo, mimi sipigwi. Nikakaa na shela langu, watu wananuna, jua linaniunguza, mpaka akarudi."

Chenji akageuka mzima, msuko ufumuke usifumuke. "Si kaka ndiye aliyenirudisha?"

"Kaka yako! Kaka yako alikuwa anatafuta tai yake. Ilikuwa shingoni."

Chenji miaka yote alimshukuru kaka kwa siku ile, na yule kaka alipokea shukrani bila aibu. Akaminya mkono wa wifi uliokuwa begani kwake. Wifi akaminya pia, kisha akakumbuka kazi yake, akafunga uzi wa msuko ule wa mwisho na kukata ncha kwa meno.

"Ukurasa wa jikoni uko wapi?" Prodyuza aliuliza. Ilikuwa mara ya kwanza kusikika sauti yake. "Mpe. Na wewe mama, msomee mke."

"Mimi? Mimi sina habari za kuigiza."

"Nimeona."

Wakasoma. Yule wifi msusi alisoma kama anayesoma maelezo ya dawa, neno kwa neno, kidole chini ya mstari, na ule ukavu wake ulimpa Chenji ukuta wa kugongea mpira. Alizunguka meza kana kwamba ni jiko, akafunua kikombe cha chai cha Prodyuza, akanusa, akakifunika kwa heshima kama anayefunika maiti. Karani alikuwa amefungua mlango kuchungulia. Nyuma yake vichwa vya wasichana vikajipanga, na kicheko kikatoka koridoni kikaingia chumbani. Kamera ilikuwa inawaka muda wote.

Walipomaliza, mwongozaji alifuta macho. "Sawa. Sawa, nimeshindwa. Tutaongeza mstari mmoja tu mwanzoni. Mume aseme, 'Huyu ni dada yangu, tuna mama tofauti.' Basi, watu wameelewa, tunaendelea."

Ilikuwa ndogo sana. Mstari mmoja. Hata wifi yake alimtazama kwa macho ya kusema, kubali, usiharibu.

"Hapana, kaka," Chenji alisema taratibu. "Mama yetu ni mmoja. Mimi nimejieleza tangu siku niliyofunuliwa kitambaa. Wifi huyu akianza kwa kujieleza, atakuwa mgeni jikoni kwa kaka yake, na wifi mgeni hafunui sufuria. Atabisha hodi. Hakuna kichekesho hapo. Kama lazima mstari uwepo, mwiteni mwingine, na mimi nitakuja kuwatazama kwa roho safi."

Feni ya ukutani ilizunguka, ikalia, ikazunguka. Mwongozaji alimtazama Prodyuza. Prodyuza alikivuta kikombe chake, akakifunua, akanusa kama Chenji alivyonusa, na akashindwa kujizuia. Chai ikamwagika kwenye karatasi za mchepuko.

"Watakaouliza," alisema alipopata pumzi, "waulize huku wanatazama. Mstari hautakuwepo. Tunaanza mwezi ujao, binti. Usibadilishe chochote."

Chenji alitaka kusema asante, ikatoka pumzi tupu. Akakaa kwenye kiti cha mwongozaji, ambaye kicheko kilikuwa kimemsimamisha, bila kuombwa, na hakuna aliyemwinua. Alikuwa hajui ni kiasi gani alikuwa amebana mabega mpaka yaliposhuka yenyewe. Miguu, shingo, tumbo, kila kiungo kilikuwa kinapewa ruhusa ya kwenda nyumbani.

"Analia?" mwongozaji akauliza.

"Anapumua," wifi alisema. "Mwacheni."

Walipotoka, wasichana waliwasogelea kwa pamoja, manukato yakiwatangulia.

"Umepata ya mchepuko?" aliuliza mmoja, mrefu, karatasi zimeloa jasho mkononi mwake.

"Wifi."

"Wifi? Wifi wa nani?"

Chenji alifungua mdomo. Maelezo yalikuwa pale pale ulimini, baba fundi, mama mgeni, kaka, noti na chenji, yote yamejipanga kama kawaida. Akayameza, yakashuka vizuri.

"Wa mke," alisema.

Yule mrefu alimtazama, akatazama karatasi zake, mguu unatangulia. "Na mke mwenyewe," akauliza polepole, "wameshampata?"

"Hata sijui," Chenji alisema. "Lakini mlango huo hapo, mdogo wangu. Tena usibishe hodi."

Msichana akavua visigino, akavishika mkononi, akaingia. Wifi akavuta kiti cha plastiki na kukaa.

"Hatuondoki?" Chenji akauliza.

"Niondoke nikose hili? Kaa, tusikilize."