Misumari Minne ya Mkangazi

Mashine yangu ya kupasulia magogo ilipowaka kwa majaribio pale Mbwawa, nilijipigia kigelegele mwenyewe, sikungoja wa kunipigia. Majirani wakacheka. Wacheke! Wengine walishaagiza milango na fremu za madirisha kabla gogo la kwanza halijafika, na sasa walijaa uani kwangu wakitaka kuziona mbao kwa macho yao.

Gogo lilikuwa mkangazi wa baba yangu, Mzee Maulidi, mti uliosimama kando ya barabara kwetu Kurui tangu sijazaliwa. Kibali cha kuukata kilitoka, bwana misitu akaligonga alama kwa nyundo ya serikali, likaletwa na Fuso la Mzee Abdala, la pekee pale Kurui. Mama yangu, Zena, alikaa mbele na Abdala, aliyeendesha mwenyewe. Baba alikataa. Alikuja juu ya gogo, kutoka Kurui mpaka Kibaha, kofia kaishika kwa mkono, vumbi hadi kwenye kope.

Ugomvi wa baba na Abdala nimekua nao. Nikiwa darasa la tatu baba aligombea uenyekiti wa kijiji, akapigilia picha yake kwenye huo mkangazi. Abdala akamshinda. Kulipokucha picha haikuwepo. Tangu siku hiyo baba hamsalimii Abdala, wala haitikii salamu yake.

"Baba," nikamuuliza, mkono uko kwenye swichi, "mti wa barabarani huu. Waganga wanapigilia matangazo, madalali wa viwanja nao hivyo hivyo. Una hakika hauna msumari?"

Nilikuwa na msumeno mmoja tu. Ukikutana na chuma unakatika, na wateja wote wale wangehamia kwa mwingine siku ileile ya kwanza.

"Hao wote niliwafukuza," akasema baba. "Misumari iliyowahi kuingia humo ni yangu, nayo iling'olewa. Aliyeing'oa namjua, na hapa yupo."

Abdala akajifanya anakagua tairi.

Nikawasha. Weee! Unga mwekundu uliruka, harufu tamu ikajaa uani, nami nikajiona tajiri wa Pwani nzima. Ganda la kwanza likaanguka. Gogo likasogea tena.

"Zima!" Mama alikuwa anakuja mbio, khanga imemdondoka begani. "Firdausi, zima! Misumari imo!"

Nikazima.

"Imo vipi?" baba akauliza. "Si Abdala ali..."

"Siyo Abdala, Baba Firdausi. Ni mimi." Mama alikuwa anahema. "Ulishindwa, ukalala bila kula. Nikaona ukitoka asubuhi utakutana na uso wako pale, na watu wanapita wanacheka. Alfajiri nikaichana ile picha. Misumari ikakataa kutoka, nikaizamisha kwa mchi. Niliporudi kutoka kisimani nikakuta umeshamtukana Abdala. Nikaogopa kusema. Na kila mwaka nikazidi kuogopa."

Nilitaka kumkasirikia mama, nikashindwa. Nilimpenda pale kuliko siku zote.

Baba akavua kofia, akaivaa tena. "Mingapi?"

"Minne. Kila pembe mmoja."

Akachukua patasi yangu. Mama akamwonyesha mahali, naye akachimba. Wa kwanza ukatoka umepinda, mweusi tii. Msumeno ulibakiza upana wa vidole tu kuufikia. Wa nne ukagoma. Baba akautukana, akaukwangua, akautukana tena, ndipo mkono mwingine ukaleta koleo. Ulikuwa wa Abdala. Wakavuta pamoja.

Nikawasha tena. Ubao wa kwanza ukatoka mwekundu, mnyoofu, una matundu manne meusi. Nikapiga kigelegele, na safari hii uwanja mzima ukanisaidia. Nilipasua mbao mpaka jua likapoa, na hakuna mteja aliyeondoka.

Ule ubao wa matundu baba aliomba asiuziwe mtu. Wakaupakia kwenye Fuso. Yeye akasimama nyuma ya gari, mguu mmoja juu, tayari kurudi kama alivyokuja. Abdala akafungua mlango wa mbele, akangoja.

"Asalaam aleikum, Maulidi."

Baba akautazama ule ubao, nami nikaanza kuomba dua moyoni.

"Waaleikum salaam," akasema, akashusha mguu, akaja mbele. Kisha akamwona mama anajivuta kupanda nyuma, macho chini.

"Nawe unakwenda wapi?" akamfokea. "Njoo ukae katikati. Kurui ni mbali, na maneno hatujamaliza."